Neith, mwezi wa Zuhura usiokuwapo: watazamaji wa zamani walikuwa wakiona nini?

Swali la Mtazama Anga

Salamu kwenu, wanajukwaa. Leo jioni, muda mfupi baada ya Jua kuzama, nilielekeza darubini yangu ndogo kwenye Zuhura, ambayo kwa sasa inaonekana kama hilali nene, na kando yake nikaona kinukta hafifu cha mwanga ambacho sikukitarajia. Ninajua, kama mnavyojua nyote, kwamba Zuhura haina mwezi, kwa hiyo sikupiga mbiu ya mgambo. Lakini nilipoanza kusoma ili nijue nimeona nini, nilikutana na habari za Neith, mwezi wa Zuhura ambao watazamaji kadhaa waliuandika kwa zaidi ya karne moja, ukapimwa ukubwa, ukakokotolewa njia yake, kisha ukatoweka vitabuni kana kwamba haukuwahi kutajwa.

Linalonitatiza ni hili. Mmoja wa watazamaji hao ni Giovanni Domenico Cassini, ambaye hakuwa mwanagenzi. Mtu mmoja anaweza kuota. Je, watu wa miji mbalimbali, wenye darubini mbalimbali, wanaweza kuota ndoto moja? Na jina la mungu wa kike wa Misri liliingiaje humo? Je, iko ngano yoyote ya kale iliyoipa Zuhura mwezi kabla darubini haijabuniwa?

Jibu la Mpekuzi wa Kumbukumbu

Ndugu Mtazama Anga, tuanze na Cassini, kwa sababu mkasa huu ungekuwa rahisi kuupuuza lau si yeye. Aliona kitu kando ya Zuhura tarehe 25 Januari 1672, akiwa Paris. Miezi michache kabla ya hapo, mwaka 1671, alikuwa amegundua mwezi mmoja wa Zohali; kabla mwaka 1672 haujaisha aligundua mwingine, na mwaka 1684 akaongeza miwili. Huyu ni mtu ambaye jicho lake lilikuwa limezoea kuiona miezi halisi, tena hafifu kuliko hicho alichokiona kando ya Zuhura. Hata hivyo alinyamaza. Alingoja miaka 14, hadi tarehe 18 Agosti 1686 alipokiona tena, ndipo akakitangaza, akisema kwamba kipenyo chake kilikuwa kama robo ya kipenyo cha Zuhura na kwamba kilikuwa na umbo lilelile la kupungua na kujaa kama sayari yenyewe.

Zingatia hiyo robo. Mwezi wetu nao una kipenyo kinachozidi kidogo robo ya kipenyo cha Dunia, na Zuhura inakaribia kulingana na Dunia kwa ukubwa. Kwa msomi wa wakati ule, habari hiyo haikuwa ya ajabu hata kidogo. Ilikuwa kama kusikia kwamba jirani aliyejenga nyumba mfano wa yako amepanda pia mti uleule uani. Dunia ilikuwa na mwezi mmoja, Mshtarii minne, na Zohali ilikuwa imefikisha mitano. Kilichokuwa kigeni kwao ni Zuhura kubaki mtupu.

Baada ya Cassini, James Short, fundi mashuhuri wa darubini kutoka Uskoti, alikiona mwaka 1740 na kukadiria kipenyo chake kuwa theluthi ya kile cha Zuhura. Andreas Mayer alikiona Greifswald mwaka 1759. Kisha ukaja mwaka 1761, ambao ndio uliokuwa kilele: Montaigne, akiwa Limoges, Ufaransa, alikiona siku nne ndani ya mwezi wa Mei, na habari zake zikafikishwa katika Akademia ya Sayansi ya Paris. Mwaka 1764 watazamaji wa Copenhagen wakakiona, na Christian Horrebow wa mji huohuo akawa wa mwisho, mwezi Januari 1768. Baada ya hapo hakionekani tena. Darubini zilizidi kuwa bora, watazamaji wakazidi kuwa wengi, na mwezi ukazidi kuadimika, jambo ambalo kwa mwezi halisi lingekuwa kinyume cha matarajio.

Tusiwasahau wale ambao hawakuuona. Tarehe 6 Juni 1761 Zuhura ilipita mbele ya Jua, na watazamaji waliosafirishwa hadi pembe nyingi za dunia walikuwa wameikodolea macho. Mwezi wenye robo ya kipenyo cha Zuhura ungeonekana kama nukta nyeusi inayoiandama sayari juu ya uso wa Jua. Mtu mmoja wa Crefeld, Ujerumani, alidai kuwa aliiona nukta hiyo. Waliobaki, pamoja na wengi waliotazama tena mpito wa mwaka 1769, hawakuona kitu. William Herschel naye, aliyegundua Uranus mwaka 1781, aliichunguza Zuhura kwa miaka mingi bila kuona mwezi wowote.

Jibu la Fundi wa Lenzi

Nijibu lile swali la ndoto moja. Ndiyo, watu wengi wanaweza kuota ndoto moja, iwapo wote wamelalia mto mmoja, na mto wenyewe hapa ni kioo. Mwaka 1766 Maximilian Hell, mkuu wa paoneaanga (kituo cha kutazamia nyota) pa Vienna, alieleza kwamba taswira angavu ya Zuhura inaweza kuakisiwa na jicho la mtazamaji kurudi ndani ya darubini, kisha ikaakisiwa tena na lenzi kuja jichoni, ikawa taswira ya pili iliyo ndogo na hafifu. Leo tunajua kwamba akisi kama hiyo inaweza kuzuka hata baina ya lenzi zenyewe, bila jicho kuhusika.

Hesabu yake si ngumu. Kioo kisichopakwa utando wa kupunguza akisi hurudisha takribani asilimia 4 ya mwanga katika kila uso wake. Mwanga ukiakisiwa mara mbili, kinachofika jichoni ni asilimia 4 ya asilimia 4, yaani sehemu 1 kati ya 600 hivi. Kwa nyota ya kawaida kiasi hicho hakionekani kabisa. Lakini Zuhura ndiyo inayong'aa kuliko vyote angani baada ya Jua na Mwezi, na sehemu 1 kati ya 600 ya mwanga wake bado ni kinukta ambacho mtu angekiona kwa macho matupu usiku. Ndiyo maana hatusikii habari za miezi bandia ya kila nyota. Inazuka pale tu penye mwanga mkali.

Wengi waliona kwamba hoja yenye nguvu kuliko zote ni ile ya umbo: kile kitu kilikuwa hilali Zuhura ilipokuwa hilali. Mwezi halisi ulio karibu na Zuhura ungemulikwa na Jua kutoka upande uleule, hivyo nao ungekuwa hilali. Akisi ya Zuhura, kwa kuwa ni Zuhura yenyewe iliyopunguzwa, nayo ni hilali. Ushahidi ambao Cassini na Short waliuona kuwa thabiti ulikuwa unawiana sawasawa na maelezo yote mawili, na kwa hiyo haukuwa unaamua chochote.

Kwako wewe, ndugu, dawa ni rahisi. Usiiguse darubini yenyewe. Izungushe taratibu lenzi ya jichoni ndani ya mrija wake, kisha usogeze jicho lako kidogo kushoto na kulia. Kinukta kikicheza pamoja na lenzi au pamoja na jicho, ni akisi. Naweka dau kwamba kitacheza.

Jibu la Mwalimu wa Hesabu

Ninaongeza upande wa mizani, ambao kwangu mimi ndio uliopaswa kuufunga mjadala mapema zaidi. Katika miaka ya 1770 Johann Heinrich Lambert, mwanahisabati wa kuheshimika, alikusanya taarifa za watazamaji na kuukokotolea mwezi huo njia yake, akapata mzunguko wa siku 11 na ushei kwa umbali unaokaribia ule uliopo kati ya Dunia na Mwezi wetu.

Sasa fikiri. Mwezi wetu, kwa umbali huo, huchukua siku 27.3 kuizunguka Dunia. Mwezi unaokwenda haraka zaidi kwa umbali uleule lazima uwe unavutwa kwa nguvu kubwa zaidi, na masi (kiasi cha maada) ya sayari inayouvuta huongezeka kwa mraba wa uwiano wa nyakati. Gawanya 27.3 kwa 11.2, upate 2.44, zidisha 2.44 kwa yenyewe, upate karibu 6. Kwa hiyo Zuhura ingelazimika kuwa na masi mara 6 ya Dunia, ilhali ukubwa wake unaikaribia tu Dunia. Masi yake halisi ni kama asilimia 82 ya masi ya Dunia. Lambert hakukosea hesabu. Alikokotoa vizuri sana njia ya kitu kisichokuwapo, na majibu yakatoka na tarakimu zake zote.

Mtazama Anga

Ninawashukuru. Akisi ninaielewa, na hesabu ya Mwalimu imenikata maini kwa niaba ya Lambert. Lakini nimesoma kwamba Short alijaribu zaidi ya darubini moja, na alikikuza kile kitu kwa viwango mbalimbali nacho hakikupotea. Akisi ingewezaje kuvumilia mabadiliko hayo? Na swali langu la jina bado liko hewani.

Jibu la Mpekuzi wa Kumbukumbu

Pingamizi lako ni la haki, nami sidhani kwamba akisi pekee inatosha kueleza kila taarifa. Sehemu iliyobaki ilifumbuliwa mwaka 1887, pale Akademia ya Sayansi ya Ubelgiji ilipochapisha utafiti wa Paul Stroobant. Yeye hakukesha kwenye darubini. Alichukua kila taarifa, akaangalia Zuhura ilikuwa wapi angani siku na saa ile, kisha akafungua orodha za nyota na kutafuta ni nyota gani zilizokuwa jirani. Matokeo yake ni ya kuaibisha kidogo: taarifa nyingi zilielezeka kwa nyota za kawaida, baadhi zikiwa katika kundi la Jabari, na ile ya Horrebow ya mwaka 1768 ikawa ni nyota Theta ya kundi la Mizani. Nyota zote hizo zilikuwako tangu zamani. Waliozitazama hawakuwa na orodha kamili za kuwajulisha hivyo.

Kwa hiyo waliokiona kile kitu hawakuwa wameona kitu kimoja. Wengine waliona akisi, wengine nyota moja, wengine nyota nyingine, na jina moja likawafunika wote.

Jibu la Mhifadhi wa Ngano

Kuhusu jina, ndugu Mtazama Anga, jibu litakushangaza: hakuna ngano ya kale ninayoijua inayoipa Zuhura mwezi, na sababu iko wazi, kwa kuwa ngano za sayari zilitungwa na watu waliotazama kwa macho matupu, na kwa macho matupu Zuhura husimama peke yake. Ilikuwa Inanna kwa Wasumeri na Ishtar kwa Wababiloni, na katika baadhi ya masimulizi ya kale ya Kiislamu yanayohusu Haruti na Maruti, Zuhura ni mwanamke mrembo aliyepaa mbinguni akageuzwa kuwa nyota. Katika visa vyote hivyo hana mtoto wala mjakazi anayemzunguka. Mwezi huu ulizaliwa na darubini, na hapo ndipo unapotofautiana na viumbe wengine wa kubuni wa angani.

Jina la kwanza lililopendekezwa halikuwa la kimungu pia. Mfalme Frederick wa Pili wa Prusia alitaka mwezi huo uitwe kwa heshima ya rafiki yake d'Alembert, mwanahisabati wa Ufaransa, naye d'Alembert akaikataa heshima hiyo kwa adabu. Nadhani alikuwa na machale.

Neith alikuja kuchelewa mno. Mwaka 1884 Jean-Charles Houzeau, aliyekuwa ameongoza paoneaanga pa Brussels, alizipitia tarehe za taarifa zote na kuona kwamba zinaelekea kuachana kwa takribani siku 1,080 au kwa vizidishio vya hesabu hiyo. Akapendekeza kwamba kitu chenyewe si mwezi, bali ni sayari ndogo inayolizunguka Jua kwa siku 283 na kukutana na Zuhura kila baada ya muda huo. Ndiye aliyekiita Neith, akimkusudia mungu wa kike wa mji wa Sais katika Delta ya Nile, mlinzi wa vita na ufumaji. Plutarch, mwandishi Mgiriki wa kale, anasimulia juu ya maandishi ya hekalu la Sais ambamo mungu huyo anajitambulisha kuwa ni yote yaliyokuwako, yaliyoko na yatakayokuwako, na kwamba hakuna mwanadamu aliyewahi kuufunua utaji wake. Houzeau alilichagua jina kwa ajili ya utaji huo. Mwezi ulipewa jina la siri isiyofunuliwa, na miaka 3 baadaye Stroobant akaufunua, tena katika nchi ileile ya Houzeau.

Linganisha na mwezi mwingine wa kubuni, ule wa pili wa Dunia. Mwaka 1898 Georg Waltemath wa Hamburg alitangaza kwamba Dunia ina mwezi wa pili na kwamba ungepita mbele ya Jua Februari ya mwaka huo, lakini wanaastronomia hawakuuthibitisha. Mwaka 1918 mpiga falaki Mwingereza aliyejiita Sepharial aliuchukua, akaubatiza Lilith, akadai ni mweusi kiasi cha kutoonekana. Jina hilo linaishi hadi leo katika falaki za utabiri, ingawa wengi sasa wanalitumia kwa nukta tu ya njia ya Mwezi wetu iliyo mbali zaidi na Dunia. Neith hakuwapata watabiri wa kumlea hivyo. Ninafikiri ni kwa sababu yeye alidai kuonekana, na kinachodai kuonekana kinaweza kushindwa. Lilith alijihami mapema kwa kuwa mweusi.

Jibu la Mlinzi wa Usiku

Wanajukwaa, mnaufunga mlango haraka mno. Tarehe 13 Agosti 1892 Edward Emerson Barnard, akiwa Lick Observatory huko California, aliona karibu na Zuhura kitu mfano wa nyota ya daraja la 7 la mng'ao (hafifu kidogo kuliko zile zinazoonekana kwa macho matupu), mahali ambapo orodha za nyota hazikuonyesha nyota yoyote ya kiasi hicho. Hii ilikuwa miaka 5 baada ya Stroobant, na kwa darubini iliyokuwa miongoni mwa zilizo kubwa kuliko zote wakati huo. Wala Barnard hakuwa mtu wa kubahatisha: tarehe 9 Septemba mwaka huohuo, kwa darubini ileile, aligundua Amalthea, mwezi wa 5 wa Mshtarii. Basi ndani ya majuma manne mtu mmoja aliona mwezi halisi ambao hakuna aliyewahi kuuona, na pia nuru ambayo hakuna aliyeieleza kwa uhakika hadi leo. Huenda ilikuwa nyota iliyolipuka kwa muda mfupi. Sisemi kwamba ni Neith. Ninasema kwamba Barnard alikiandika alichokiona bila kukipa jina, naye alichapisha habari hizo mwaka 1906 tu.

Jibu la Mwalimu wa Hesabu

Ninakubali kuhusu Barnard. Niongeze tu kwamba siku hizi swali limegeuka: wataalamu wanauliza kwa nini Zuhura *haina* mwezi. Mwezi wetu husogea mbali nasi kwa sentimita 3.8 hivi kwa mwaka kwa sababu Dunia inajizungusha haraka kuliko Mwezi unavyoizunguka, na mawimbi ya mvutano huusukuma nje. Zuhura hujizungusha polepole sana, mara moja kwa siku 243, tena kinyumenyume. Mwezi wake ungeweza kuvutwa ndani kidogo kidogo hadi ukaanguka. Mwaka 2006 Alex Alemi na David Stevenson wa Marekani walipendekeza kwamba huenda Zuhura iligongwa mara mbili: mgongano wa kwanza ukaizalia mwezi, wa pili ukaigeuza izunguke kinyume, na mwezi ukarudi kumezwa na ardhi iliyouzaa. Hilo ni pendekezo, halijathibitishwa, lakini likiwa kweli, basi Zuhura iliwahi kuwa na mwezi mabilioni ya miaka kabla ya Cassini.

Na kuhusu majina ya bahati, kuna Zoozve. Hii ni asteroidi (mwamba mdogo wa angani) iliyogunduliwa mwaka 2002, inayolizunguka Jua lakini, ukiitazama kutoka Zuhura, inaonekana kama inaizunguka Zuhura. Kitaalamu si mwezi. Jina lake la muda lilikuwa 2002 VE68. Mchoraji wa bango la watoto aliyasoma vibaya maandishi yake mwenyewe, "2002VE" ikawa "ZOOZVE", na mwaka 2024 Umoja wa Kimataifa wa Astronomia ukaliidhinisha jina hilo rasmi.

Mtazama Anga

Ninaleta taarifa. Jana niliizungusha lenzi ya jichoni kama Fundi alivyoelekeza. Kinukta hakikucheza. Nilisogeza jicho, hakikucheza. Nikabadilisha lenzi, bado kipo. Ninakiri kwamba kwa muda wa dakika kumi hivi nilikuwa Cassini, nami nikaelewa kwa nini alingoja miaka 14.

Leo jioni nimetazama tena. Zuhura imekwisha kusogea mbele kwa upana wa karibu Mwezi mpevu mara mbili, na kinukta kimebaki palepale nyuma yake, pamoja na vingine viwili ambavyo jana sikuvitambua kwa sababu ya mng'ao. Nimekitafuta kwenye ramani ya nyota na nimekipata.

Jibu la Fundi wa Lenzi

Dau langu limeliwa. Hongera kwa nyota yako.